Vitabu vya migomo ya vyuo vikuu viandikwe kwa ushahidi, na viandikwe kwa Kiswahili

Mhariri,

Tangu vijana waingie barabarani Juni 2024 kupinga Mswada wa Fedha, miswada ya namna nyingine imeanza kuandikwa jijini Nairobi: miswada ya vitabu. Wapo wanaosimulia Jumanne ile ya tarehe 25, waandamanaji walipoingia Bungeni, na wapo waliorudi nyuma zaidi wakafukua migomo ya Chuo Kikuu cha Nairobi tangu enzi kilipokuwa bado chuo kishiriki. Habari hii inatupa matumaini makubwa. Hata hivyo, miswada mingi inaugua maradhi yale yale yaliyovidhoofisha vitabu vilivyotangulia, na kwa kuwa maradhi hayo hutibika yakiwahiwa, tunaomba nafasi pana kidogo kuliko inayopewa barua za kawaida.

Neno letu ni moja: kitabu cha mgomo kisiegemee kumbukumbu ya mtu mmoja. Kiegemee karatasi, sauti na tarehe ambazo msomaji mwingine anaweza kwenda kuzikagua mwenyewe. Na kwa sasa karatasi hizo zinaozea ndani ya masanduku ya bati chini ya vitanda, Umoja, Kisumu, Machakos, Bungoma, popote wahitimu walikorudi nazo.

Ukivipanga rafuni vitabu vya Kenya vinavyogusa harakati za wanafunzi, vingi utakuta ni tawasifu za waliokuwa viongozi wa chama au wafungwa wa kisiasa. Vina thamani kubwa, na baadhi waandishi wake walivilipia kwa afya yao. Lakini tawasifu huandikwa na aliyebaki hai. Titus Adungosi, mwenyekiti wa kwanza wa SONU, chama cha wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Nairobi, alihukumiwa kifungo cha miaka 10 baada ya jaribio la mapinduzi la 1 Agosti 1982, akafia gerezani. Upande wake umebaki katika faili za mahakama na vinywani mwa waliomjua. Tena, mwenyekiti hukumbuka jukwaa. Anayejua chakula kilikwisha saa ngapi ni mpishi wa mesi. Anayejua nani hakurudi bwenini usiku ule ni mlinzi wa lango na mama wa usafi. Aliyeona majeraha ni muuguzi wa zahanati ya chuo. Wanafunzi wa kike hutajwa kwa mkupuo, "akina dada walituunga mkono", bila jina hata moja. Anayeanza kuandika leo ajiwekee kanuni: kwa kila kiongozi mmoja anayemhoji, ahoji watu watatu ambao hawakuwa na cheo, na mmoja wao awe mtu ambaye hakuukubali mgomo.

Tuje kwenye tarehe, maana hapa ndipo vitabu huchafuka zaidi. Chukua Machi 1975. J.M. Kariuki, mbunge aliyeuawa, alionekana akiwa hai kwa mara ya mwisho Jumapili tarehe 2. Mwili wake uliokotwa Ngong siku iliyofuata, lakini ukalala mochari ya Jiji bila jina hadi tarehe 11, familia ilipoutambua. Katikati ya siku hizo gazeti moja lilichapisha kwamba yuko Zambia. Kwa hiyo mwandishi akikwambia wanafunzi waliandamana "siku JM alipouawa", ujue amefunga matukio mawili katika fundo moja; siku hiyo karibu hakuna aliyejua. Hakudanganya. Akili ya binadamu hupenda kuleta kilio karibu na kifo, na kadiri miaka inavyopita ndivyo siku tisa zinavyogeuka kuwa moja.

Dawa yake ni kadi. Kila tukio lipewe kadi yake: tarehe, siku ya wiki, saa, mahali, nani anasema, nani mwingine anasema, karatasi gani inathibitisha. Siku ya wiki ndiyo mtego bora wa makosa. Tarehe 1 Agosti 1982 ilikuwa Jumapili. Tarehe 10 Februari 1985, polisi walipowavamia wanafunzi waliokusanyika kwa maombi uwanjani mwa chuo, ilikuwa Jumapili pia. Saba Saba ya 1990, yaani tarehe 7 Julai, siku ya maandamano ya kudai vyama vingi, ilikuwa Jumamosi. Shahidi akisema alikuwa ametoka darasani mara tu kabla ya uvamizi wa Februari 1985, usimkatize wala usimwite mwongo. Mwombe asimulie tena kuanzia alipoamka. Mara nyingi utagundua anasimulia mgomo mwingine wa wiki au mwaka tofauti, na hapo umepata matukio mawili badala ya moja.

Mtego mwingine ni wetu sisi wasemaji wa Kiswahili. Shahidi anasema "GSU waliingia saa tatu", akimaanisha polisi wa kutuliza ghasia. Anayenakili mahojiano kwa Kiingereza anaandika tatu alasiri, kumbe ni tisa ya saa ya Kizungu, na haijulikani kama ni ya asubuhi au ya usiku. Tumekuta kosa la aina hii likipita mikononi mwa wahariri bila kuonwa, kwa sababu sentensi inasomeka vizuri. Anayehoji aulize papo hapo: saa tatu asubuhi au usiku? Jua lilikuwa wapi? Mesi ilikuwa imefunguliwa? Jibu liandikwe ukingoni mwa karatasi ya maelezo kabla ya kuendelea.

Mahojiano yenyewe yasizidi dakika 90 kwa kikao. Baada ya hapo mzee huanza kukubali kila unachosema ili muachane salama. Simu inatosha kurekodia ikiwekwa nusu mita kutoka mdomoni, juu ya kitambaa kilichokunjwa ili meza isivume, na ikazimwa mtandao. Rekodi kwa WAV ya 44.1 kHz, biti 16. Saa moja ya stereo hula takriban megabaiti 635, kwa hiyo hakikisha nafasi ipo kabla hujaketi. Kunakili saa moja ya sauti huchukua saa nne hadi sita za kazi, na zaidi pale msemaji anaporuka kutoka Kiswahili hadi Kidholuo au Sheng na kurudi. Usisafishe lugha yake. Neno "kamukunji" lisigeuzwe kuwa "mkutano", wala "komredi" kuwa "mwanafunzi mwenzangu". Na kabla ya kubonyeza kitufe, fomu ya ridhaa isainiwe, yenye njia nne wazi: jina langu litumike, jina la kupanga litumike, sauti yangu ifungwe hadi mwaka nitakaoutaja, sehemu hii na hii zifutwe. Wengi waliopita vyumba vya mateso vya Nyayo House, jengo la serikali jijini, huchagua njia ya tatu. Waheshimiwe.

Sasa tukae na karatasi, hasa kipeperushi, kwa sababu ndicho kinachopuuzwa kuliko vyote.

Kipeperushi cha kawaida cha kampasi kabla ya kompyuta ni ukurasa mmoja wa fulskepu uliochapwa kwa taipureta juu ya stensili, kisha ukapitishwa kwenye mashine ya siklostaili. Ukikiinua kwenye mwanga utaona herufi "o" nyingi zimejaa wino, kwa sababu taipureta ilikata stensili ikatoboa kiduara kizima. Kimekunjwa mara nne kutoshea mfuko wa shati, na mikunjo ndiyo iliyomeza maneno: mistari miwili katikati haisomeki. Karatasi ni ile ya bei nafuu yenye asidi, imegeuka rangi ya chai, na ncha zinamomonyoka ukizigusa. Kwa kawaida hakina tarehe. Kimeandikwa "Kamukunji leo saa saba mchana", na "leo" hiyo ilieleweka kwa kila mtu siku ile, ikaacha kueleweka kesho yake.

Utakipaje tarehe? Soma majina ya viongozi waliotajwa na ulinganishe na kipindi walichoshika madaraka: kikiwa na majina ya halmashauri ya SONU iliyokamatwa Novemba 1987, hakiwezi kuwa cha 1988, kwani chama kilipigwa marufuku mwezi ule ule. Tazama bei, kama kinalalamikia gharama. Tazama cheo cha mkuu wa chuo na jina la waziri. Linganisha herufi zilizochakaa za taipureta na za kipeperushi kingine chenye tarehe. "E" iliyovunjika mkia huonekana tena na tena, na polisi wa wakati ule walilijua hilo vilevile. Ukishafika kwenye makisio, andika kwa penseli nyuma yake, ndani ya mabano ya mraba, pamoja na sababu yako kwa maneno matano au sita. Tarehe ya makisio isiyo na sababu ni hatari kuliko kutokuwa na tarehe.

Katika kuhifadhi, watu wenye nia njema ndio huharibu zaidi. Selotepu huacha doa la kahawia lisilotoka, na gundi yake hula wino. Kuleminisha ni kuua: joto huunganisha karatasi na plastiki milele, na asidi inaendelea kula ndani. Pini za stepla hushika kutu, kwa hiyo ziondolewe kwa kuinyanyua miguu yake kwa kisu butu, zisivutwe. Mfuko wa nailoni wa dukani hufungia unyevu, na msimu wa mvua ndefu ukiisha utakuta ukungu. Karatasi ikunjuliwe taratibu, ilazwe bapa kati ya karatasi mbili nyeupe zisizo na asidi, iwekwe ndani ya boksi la kadibodi juu ya rafu, mbali na sakafu na ukuta wa nje. Hewa ya nyuzi 18 hadi 20 na unyevu wa asilimia 45 hadi 55 ndiyo bora. Asiyeweza kupima achague chumba cha katikati ya nyumba, asiweke jikoni wala darini chini ya mabati. Nakala za faksi za miaka ya 1990 zichapishwe upya leo hii, maana wino wa karatasi ile ya joto unafifia hata ndani ya faili iliyofungwa.

Kisha piga picha pande zote mbili, hata upande usio na kitu. Upande huo mtupu ndio wenye anwani iliyoandikwa kwa kalamu, au namba ya chumba. Kwa skana tumia nukta 300 kwa inchi, 400 kama maandishi ni madogo. Kwa simu, kaa kando ya dirisha bila flashi, rula ikiwa pembeni ili ukubwa ujulikane. Faili lipewe jina linaloanza na mwaka, mwezi, siku, halafu mahali, halafu namba. Weka nakala tatu, katika vyombo vya aina mbili, moja ikiwa nje ya jengo.

Faili za mahakama zinahitaji uangalifu wa aina yake, maana hapa kitabu kinaweza kumjeruhi mtu mara ya pili. Katika kesi za Mwakenya, kundi la siri la upinzani, kuanzia 1986, washtakiwa wengi, wakiwemo wanafunzi na wahadhiri, walikiri makosa mahakamani baada ya kushikiliwa Nyayo House. Anayefungua jalada leo anakuta maneno "alikubali shtaka", na mara nyingine maelezo marefu ya kosa yaliyosomwa na upande wa mashtaka. Mwandishi mvivu huyachukua maelezo hayo kama habari ya yaliyotendeka: nani alikula kiapo, wapi, mbele ya nani. Hayafai kutumiwa hivyo. Kuanzia 2010 Mahakama Kuu imewapa fidia waathiriwa wa mateso yale, na hukumu hizo zinaeleza vyumba vilivyojaa maji, kunyimwa usingizi, vipigo. Hukumu nyingi za miaka hii zinasomeka bure kwenye tovuti ya Kenya Law. Jalada la 1986 na hukumu ya fidia ya mtu yule yule ziwekwe bega kwa bega, na ungamo lisitumike kuthibitisha lolote isipokuwa kwamba lilitolewa, tarehe gani, mbele ya hakimu gani. Hivyo hivyo kwa Robert Wafula Buke, mwenyekiti wa SONU aliyefungwa miaka mitano mwaka 1988 kwa shtaka la kuipelelezea Libya: kitabu kiseme alishtakiwa nini na alihukumiwa nini, kisha kitafute ushahidi uliotolewa kortini ulikuwa upi hasa. Na wasomaji vijana waelezwe kwamba vifungu vya uchochezi dhidi ya serikali vilikuwa sheria halali hadi vilipofutwa 1997. Bila hilo hawataelewa kwa nini karatasi moja ya siklostaili ilimpeleka mtu jela.

Idadi ya waandamanaji nayo ni donda. Polisi husema mamia, waandaaji husema maelfu kwa maelfu, na mwandishi huchukua katikati akidhani ndiko haki iliko. Ipo njia ya kuhesabu, na ilizaliwa kwenye kampasi yenyewe: Herbert Jacobs, mhadhiri wa uanahabari Berkeley, California, alikuwa akitazama mikutano ya wanafunzi wa miaka ya 1960 kutoka dirishani, uwanja ukiwa umegawanyika miraba. Alihesabu watu katika miraba michache akapata kanuni aliyoichapisha 1967: umati uliolegea, mtu mmoja kwa futi 10 za mraba, uliobanana, mtu mmoja kwa futi 4.5; uliosongamana hadi pumzi ikawa shida, futi 2.5. Chukua kipande cha barabara chenye upana wa mita 20, na umati uliokijaza kwa urefu wa mita 150. Hizo ni mita za mraba 3,000, sawa na futi za mraba 32,000 na ushei. Umati uliolegea ni watu kama 3,200. Uliobanana ni kama 7,200. Uliosongamana ni kama 12,900. Picha moja iliyopigwa kutoka ghorofani inakuonyesha ni aina gani. Kinachokosewa ni kipimo cha urefu: umati hulegea mkiani, kwa hiyo gawa barabara vipande vitatu na uhesabu kila kimoja peke yake, ukitoa magari, miti na visiwa vya katikati. Andika hesabu yako kitabuni, msomaji aione.

Chanzo cha mgomo kisiandikwe kwa neno "siasa" pekee. Ni kweli Januari 1969 wanafunzi waligoma baada ya serikali kumzuia Oginga Odinga kuhutubia chuoni, na Januari 1999 walijitosa kuutetea msitu wa Karura. Lakini kati ya hapo kuna mesi, mabweni na bumu, yaani pesa za matumizi za wanafunzi. Watahiniwa wa kwanza wa mfumo wa elimu wa 8-4-4 waliingia vyuo vikuu 1990, vyumba vikafurika. Mwaka uliofuata ukaja mpango wa kuchangia gharama, mwanafunzi akaanza kulipia kila sahani. HELB, bodi ya mikopo ya elimu ya juu, ikaundwa 1995. Kitabu kizuri kiwe na jedwali la miaka hiyo lenye karo, mkopo, na bei ya sahani ya ugali na maharagwe. Mwanafunzi wa leo anayebishana kuhusu mfumo mpya wa ufadhili wa 2023 atalisoma jedwali hilo kabla hajasoma sura nyingine yoyote. Kadhalika kielezwe kwamba marekebisho ya Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2016 yaliondoa uchaguzi wa moja kwa moja wa viongozi wa wanafunzi, kura ikapigwa na wajumbe. Asiyejua hilo hushangaa kwa nini maandamano ya 2024 hayakuwa na mwenyekiti wa chama mbele yake.

Na hao wa 2024 wasidhani kwamba kwa kuwa kila kitu kilikuwa simuni, kila kitu kimehifadhiwa. Picha iliyopita WhatsApp imebanwa na kuvuliwa taarifa za saa na mahali. Mwombe aliyeipiga akutumie ile ya asili kama hati, au aje nayo kwa kebo. Akaunti hufutwa na video huondolewa. Mazungumzo ya sauti ya moja kwa moja yaliyovuta watu kwa maelfu hayabaki popote kama mwenyeji hakubonyeza kurekodi. Picha ya skrini peke yake ni ushahidi dhaifu: nakili anwani kamili ya chapisho, tarehe na saa uliyoichukua. Kisha toa namba ya SHA-256 ya faili la asili kwa programu ya bure. Ni herufi na tarakimu 64, na picha ikiguswa hata nukta moja, namba yote hubadilika. Iandike daftarini. Lakini ya asili ifungiwe. Ya kuchapisha iondolewe taarifa za mahali ilipopigwa, na nyuso zifunikwe kwa rangi nzito, wala si kwa ukungu, maana ukungu mwepesi huweza kutambulika. Watu wamefuatwa majumbani kwa sababu ya nyuso zilizoonekana nyuma ya picha ya mtu mwingine.

Wenzetu kwingine wametuonyesha uzito wa rekodi ambayo haikuguswa. Kent State, Ohio, tarehe 4 Mei 1970, walinzi wa taifa walipiga risasi 67 kwa sekunde 13, wakaua wanafunzi wanne na kujeruhi tisa. Tunajua mpangilio wa milio hiyo kwa sababu mwanafunzi mmoja alikuwa ameacha kinasa sauti dirishani mwa bweni. Na Soweto, Afrika Kusini, 16 Juni 1976, inatuonya juu ya upande wa pili: picha aliyoipiga Sam Nzima ilimfanya mwanafunzi Hector Pieterson ajulikane dunia nzima, na vitabu vingi vikamwita wa kwanza kuuawa, ingawa inaaminika Hastings Ndlovu alipigwa risasi kabla yake na hakukuwa na kamera karibu. Waandishi wa Juni 2024 waulize ni nani aliyeanguka mahali ambapo hapakuwa na kamera. Waanze na madaftari ya hospitali na ya mochari.

Wengi hudhani nyaraka za serikali hazipatikani. Kwa kawaida faili za umma zikifikisha miaka 30 huweza kufunguliwa katika Jumba la Nyaraka za Kitaifa pale Moi Avenue, kwa hiyo sehemu kubwa ya miaka ya 1970 na 1980 imeshafikia umri huo. Kwa ya karibuni ipo Sheria ya Kupata Habari ya 2016. Raia humwandikia afisa wa habari wa taasisi, ukiwemo uongozi wa chuo kikuu cha umma, bila kulazimika kueleza sababu, na jibu linatakiwa ndani ya siku 21. Ukinyimwa, una siku 30 za kwenda kwa Ombudsman, yaani Tume ya Haki ya Utawala. Barua nyingi hukwama kwa sababu zinaomba "nyaraka zote za migomo". Omba kitu kimoja chenye jina na tarehe: kumbukumbu za kikao cha seneti kilichoamua kufunga chuo, orodha ya waliofika mbele ya kamati ya nidhamu mwezi fulani bila majina, notisi ya kuondoka mabwenini. Hansard, yaani kumbukumbu rasmi za Bunge, nayo isisahaulike, na vitabu vya machifu pia. Chuo kilipofungwa baada ya Agosti 1982 kwa zaidi ya mwaka mzima, wanafunzi waliamriwa kuripoti kwa machifu wao vijijini, na huenda mahali fulani daftari lenye saini zao bado lipo.

Lugha, sasa. Wanafunzi wa Dar es Salaam walioanzisha jarida la Cheche mwaka 1969 walilipa jina la Kiswahili, lakini ndani karibu lote lilikuwa la Kiingereza, na kitabu cha kumbukumbu za wahariri wake kilichotoka 2010 ni cha Kiingereza pia. Tunakitaja kwa heshima, kwa kuwa kimefanya tunaloliomba: kimeweka sauti za wengi pamoja badala ya moja. Lakini wapishi na walinzi tuliowataja hapo juu hawatakisoma. Huku kwetu, Abdilatif Abdalla alifungwa miaka mitatu kwa sababu ya kijikaratasi cha Kiswahili cha 1968, "Kenya: Twendapi?", na waliomfunga walijua vizuri kingesomwa na nani. Anayeandika kwa Kiswahili atakabiliwa na uchaguzi wa maneno tangu ukurasa wa kwanza: mgomo, maandamano, fujo, vurugu, ghasia. Kila moja limebeba upande. Ushauri wetu ni kwamba neno la notisi ya chuo linukuliwe kama lilivyo, ndani ya alama za kunukuu, na neno la wanafunzi vivyo hivyo, na mwandishi mwenyewe atumie lile linaloeleza kitendo: walikataa kuingia darasani, walifunga barabara, walirusha mawe, walipigwa. Aliyechukuliwa usiku na watu wasio na sare asiandikwe "alikamatwa" mpaka ionekane hati ya kukamatwa.

Kitabu kikishachapishwa, nakala mbili zinapaswa kisheria kupelekwa kwa msajili wa vitabu na magazeti. Zipelekwe.

Tuna maombi mawili. La kwanza ni kwa maktaba za vyuo vikuu: kila moja itenge boksi kumi tu na mkutubi mmoja wa kupokea karatasi za harakati za wanafunzi, atoe stakabadhi yenye orodha ya kila karatasi, na amrudishie mwenye mali picha zake siku hiyo hiyo. Maktaba ya Bancroft huko Berkeley inazo karatasi za harakati za wanafunzi za 1964 na imeziweka wazi mtandaoni. La pili ni kwako, Mhariri. Ghala la gazeti lina negativu ambazo hazikuwahi kuchapishwa, zikiwa ndani ya bahasha zenye tarehe iliyoandikwa na mpiga picha siku ile ile. Bahasha za Machi 1975, Februari 1985 na Novemba 1987 zifunguliwe kwanza, zikaguliwe kama zina harufu ya siki, maana harufu hiyo ni dalili kwamba filamu imeanza kuoza, na zenye harufu zitenganishwe na nyingine kabla ya kuskaniwa.

Wakutubi wawili na mhariri wa vitabu,
Nairobi